Wachezaji wa Carlisle na Michezo yao ya Mwaka 1912



Kila ajuaye mpira ajua ya kuwa uwanjani hapaulizwi baba yako ni nani. Mstari umechorwa kwa chokaa, mwamuzi ana filimbi yake, na mpira ukivuka mstari umevuka, awe aliyeuvusha ni mwana wa jumbe au mwana wa mchunga mbuzi. Leo nataka kuwaelezeni habari za timu moja ya shule katika nchi ya Marekani, ambayo mwaka 1912 ilicheza michezo 14 kwa muda wa siku 69, ikashinda 12, ikatoka sare mmoja, ikashindwa mmoja tu. Wachezaji wale hawakuwa wana wa matajiri, wala shule yao haikuwa chuo kikuu. Walikuwa wana wa makabila yaliyokuwa na nchi ile tangu kale, kabla Wazungu hawajafika, na ambayo yalikwisha kunyang'anywa karibu nchi yote. Nitaeleza kwanza mchezo wenyewe, kisha shule, kisha michezo ya mwaka ule, na mwisho yale yaliyowapata wachezaji walipotoka uwanjani. Msiondoke kabla ya mwisho, maana humo ndimo lilimo fundisho.

Mchezo huo Wamarekani huuita mpira wa miguu, lakini haufanani sana na huu wetu. Mpira wenyewe una umbo la yai lililochongoka pande zote mbili. Kila upande una wachezaji kumi na mmoja. Mchezaji aruhusiwa kuushika mpira kwa mikono na kukimbia nao, na adui zake waruhusiwa kumkamata mwenye mpira na kumwangusha chini. Akisha kuangushwa, mchezo husimama. Pande mbili hujipanga tena uso kwa uso kama majeshi mawili, ndipo huanza upya. Upande wenye mpira hupewa majaribio manne ili wasogee mbele yadi 10. Wakifaulu, hupewa manne mengine. Wasipofaulu, mpira huwa wa wenzao. Mtu akifika na mpira nyuma ya mstari wa mwisho wa adui, upande wake hupata pointi 6, na baada ya hapo huweza kupata moja zaidi kwa kuupiga mpira kwa mguu upite kati ya milingoti miwili. Tena timu huweza kupata pointi 3 kwa kuupiga mpira kwa mguu katikati ya mchezo ukapita palepale.

Yafaa mjue ya kuwa mchezo huo zamani ulikuwa wa nguvu tupu. Wachezaji walishikana mikono na nguo wakawa kama ukuta, wakasukumana kifua kwa kifua, na yule mwenye mpira akasukumwa na wenzake kwa nyuma kama gogo. Wengi waliumia, na wengine walikufa. Mwaka 1905 mambo yalizidi hata Rais wa Marekani, Theodore Roosevelt, akawaita wakuu wa michezo wa vyuo vya Harvard, Yale na Princeton, akawaambia lazima mchezo utengenezwe. Basi mwaka 1906 kanuni zikageuzwa, na mchezaji akaruhusiwa kuutupa mpira mbele kwa mkono ili mwenzake aliye mbali audake. Baadaye ule mtindo wa kushikana na kusukumana nao ukakatazwa. Tena mwaka 1912 wenyewe yakaongezwa mengine: majaribio yalikuwa matatu yakawa manne, kuvuka mstari kulikuwa na thamani ya pointi 5 kukawa na thamani ya 6, na uwanja ukafupishwa ukawa yadi 100.

Kugeuzwa kwa kanuni hizo kulikuwa mlango uliofunguliwa. Maana mahali penye kusukumana, mwenye mwili mkubwa ndiye ashindaye daima. Lakini mahali penye kukimbia, kutupa, kudaka na kumdanganya adui, mtu mwembamba mwenye akili na mbio aweza kumshinda jitu. Wachezaji wa Carlisle mara nyingi walikuwa wepesi wa mwili kuliko watu walioshindana nao. Kwa hiyo waliupenda mtindo mpya kuliko wote, wakaujua mapema kuliko wote.

Sasa tuitazame shule. Carlisle ni mji mdogo katika jimbo la Pennsylvania, upande wa mashariki wa Marekani. Palikuwa na kambi ya zamani ya askari, na mwaka 1879 ofisa mmoja wa askari wapanda farasi, jina lake Richard Henry Pratt, aliomba apewe kambi hiyo aigeuze shule ya watoto wa wenyeji wa asili. Wazungu waliwaita watu hao Wahindi Wekundu, jina ambalo si lao. Kila kabila lilikuwa na jina lake na lugha yake, kama Walakota, Wachippewa, Wahopi na wengine wengi. Watoto wa kwanza waliletwa kwa gari la moshi kutoka kwa Walakota, safari ya siku nyingi, kuwaacha baba na mama.

Pratt aliamini kwamba mtoto wa kabila hizo ana akili sawasawa na mtoto wa Mzungu, na katika siku zile waliosema hivyo hawakuwa wengi. Lakini aliamini pia kwamba mtoto huyo hawezi kuwa mtu kamili ila aache kwanza kila kitu cha kwao. Basi mtoto alipofika Carlisle nywele zake ndefu zilikatwa, nguo zake zikaondolewa akavikwa sare kama ya askari, akapewa jina la Kiingereza, akakatazwa kusema lugha ya mama yake. Nusu ya siku walisoma darasani, na nusu ya siku walifanya kazi za mikono: useremala, uhunzi, ushonaji, ukulima, na wasichana kufua na kupika. Baadhi yao walijifunza mambo ya kuwafaa maisha yao yote. Lakini wengi walitoroka kurudi kwao, na wengi waliugua, hasa ugonjwa wa kifua. Makaburi ya watoto waliokufa huko yazidi mia moja na hamsini. Tangu mwaka 2017 baadhi ya makabila yameanza kuichukua mifupa ya watoto wao kuizika kwao. Mtu asimuliaye ushindi wa Carlisle asiyasahau makaburi hayo.

Pratt mwenyewe ameandika jinsi mchezo ulivyoanza. Vijana walicheza kidogo na shule za jirani, mmoja akavunjika mguu, naye Pratt akaupiga marufuku mchezo na timu za nje. Vijana hawakukubali kunyamaza. Wapatao arobaini wakamwendea ofisini, wakatoa mtu wao mwenye ufasaha awasemee, na Pratt alipowasikiliza akashindwa kuwakatalia. Lakini aliweka masharti mawili. La kwanza, wasimpige mtu ngumi uwanjani kamwe, hata wakipigwa wao, maana, alisema, wakirudisha, watazamaji watasema, "Tazameni, hao ni washenzi." La pili, katika miaka michache wawe wamekwisha kuishinda timu iliyo kubwa kuliko zote nchini. Vijana wakakubali yote mawili. Angalieni sharti la kwanza lilivyo zito. Kijana wa Harvard akipiga ngumi, husemwa yeye peke yake. Kijana wa Carlisle akipiga ngumi, husemwa taifa zima.

Mwalimu wa mchezo alikuwa Glenn Warner, ambaye watu walimpa jina la utani "Pop", yaani Baba. Alikuwa na akili nyingi ya kubuni mipango, akawapata vijana wepesi wa kuielewa. Mwaka 1911 Carlisle iliishinda Harvard yenyewe, pointi 18 kwa 15, na watu wakaanza kuuliza vijana hawa ni akina nani.

Mchezaji aliyejulikana kuliko wote alikuwa Jim Thorpe, wa kabila la Sac na Fox, kutoka katika nchi ambayo leo ni jimbo la Oklahoma. Jina lake la kwao lilikuwa Wa-Tho-Huk, maana yake Njia Angavu. Aliondokewa na mama yake na baba yake akiwa bado kijana. Alifika Carlisle mwaka 1904, akapangiwa karakana ya ushonaji wa nguo. Mwezi wa Julai mwaka 1912 alikwenda katika Michezo ya Olimpiki mjini Stockholm, nchini Uswidi, akapata medali ya dhahabu katika shindano la michezo mitano, na nyingine katika shindano la michezo kumi. Mwenzake wa Carlisle, Louis Tewanima, Mhopi, alipata medali ya fedha katika mbio za mita 10,000. Thorpe aliporudi alifanywa nahodha wa timu. Pamoja naye walikuwako Gus Welch, Mchippewa, ambaye ndiye aliyeongoza mipango uwanjani. Joe Guyon, Mchippewa pia. Alex Arcasa, mkimbiaji. Na Pete Calac, mwenye nguvu nyingi. Wengi wao hawakuwa watoto, walikuwa vijana wa miaka ishirini na zaidi, na Thorpe alikuwa wa miaka ishirini na mitano.

Haya ndiyo matokeo ya michezo yote ya mwaka ule, na katika kila mstari hesabu ya kwanza ni ya Carlisle:

Septemba 21, Albright: 50 kwa 7
Septemba 25, Lebanon Valley: 45 kwa 0
Septemba 28, Dickinson: 34 kwa 0
Oktoba 2, Villanova: 65 kwa 0
Oktoba 5, Washington and Jefferson: 0 kwa 0
Oktoba 12, Syracuse: 33 kwa 0
Oktoba 19, Pittsburgh: 45 kwa 8
Oktoba 26, Georgetown: 34 kwa 20
Oktoba 28, Toronto: 49 kwa 1
Novemba 2, Lehigh: 34 kwa 14
Novemba 9, Chuo cha Jeshi, West Point: 27 kwa 6
Novemba 16, Pennsylvania: 26 kwa 34
Novemba 23, Springfield: 30 kwa 24
Novemba 28, Brown: 32 kwa 0

Mwanafunzi akijumlisha ataona kwamba Carlisle ilipata pointi 504, na walioshindana nao wote kwa pamoja 114. Lakini azitazame tarehe pia. Siku ya Jumamosi, Oktoba 26, walicheza mjini Washington. Jumatatu, Oktoba 28, walikuwa Toronto, nchini Kanada. Kati ya siku hizo mbili ni kulala na kula katika gari la moshi. Vyuo vikubwa vilikaa kwao vikangoja wageni waje. Carlisle ilikuwa ndiyo mgeni karibu kila mara, kwa sababu viwanja vikubwa na watazamaji wenye kulipa walikuwa mijini, na sehemu ya kiingilio ndiyo iliyoleta fedha shuleni. Fedha hizo nitazirudia.

Mchezo uliongojwa kuliko yote ulikuwa wa Novemba 9, katika Chuo cha Jeshi huko West Point, mahali wanapofundishwa maofisa wa jeshi la Marekani. Fikirini maana yake. Katika vita vilivyowanyang'anya wenyeji wa asili nchi yao, maofisa waliotoka chuo hicho ndio walioongoza majeshi. Na mauaji ya Wounded Knee, ambako askari waliwaua Walakota wengi, waume kwa wake na watoto, yalitokea mwaka 1890, miaka ishirini na miwili tu kabla ya siku ile. Wachezaji wa Carlisle walizaliwa karibu na wakati huo. Waliyasikia mambo hayo kwa wazee wao, si vitabuni.

Upande wa jeshi alikuwamo kijana mmoja jina lake Dwight Eisenhower, ambaye baadaye aliongoza majeshi ya Washirika yaliyotua Ufaransa mwaka 1944, kisha akawa Rais wa Marekani mwaka 1953. Kazi yake siku ile ilikuwa kumzuia Thorpe. Yasimuliwa kwamba yeye na mwenzake walipatana kumgonga Thorpe kwa pamoja ili asiweze kuendelea. Walipomrukia, Thorpe alisimama ghafula, nao wakagongana wao kwa wao.

Jeshi ndilo lililotangulia kupata pointi, 6 kwa 0. Carlisle wakarudisha, na mpaka nusu ya mchezo walikuwa mbele kwa pointi moja tu, 7 kwa 6. Warner alikuwa amewafundisha mpangilio mpya, ambao wakimbiaji wawili walisimama kando, kulia na kushoto, badala ya kukaa wote katikati. Hivyo adui hakuweza kujua mpira utakwenda wapi. Jeshi walimkazia macho Thorpe, na hilo ndilo Carlisle walilolitaka. Thorpe alipokimbia upande huu na kuvuta watu watatu au wanne, mpira ulikuwa upande wa pili mikononi mwa Arcasa. Arcasa alivuka mstari mara tatu. Thorpe, ambaye watu wote walikuja kumtazama, hakuvuka hata mara moja. Huo ndio uzuri wa timu: mwenye jina kubwa kukubali kuwa chambo, ili mwenzake apite.

Je, lile sharti la Pratt la kutopiga ngumi? Pratt alikuwa amekwisha kuondoka shuleni mwaka 1904, na siku ile halikushikwa na upande wowote. Mchezaji mmoja wa Carlisle, Powell, alitolewa uwanjani kwa kupiga ngumi; na nusu ya pili ilipoanza nahodha wa jeshi, Devore, mtu mkubwa sana wa mwili, akatolewa kwa kumshambulia Guyon, ambaye alikuwa akimshinda kila mara. Nawapa habari hii kwa sababu yaonyesha jambo lenyewe ninalolisema. Kosa lilikuwa moja, na adhabu ilikuwa moja. Mwamuzi hakuuliza nani ni mwana wa kabila gani, wala nani amevaa nguo za serikali. Mchezo ulipokwisha ilikuwa 27 kwa 6, na maofisa wenyewe hawakuwa na neno.

Juma lililofuata walikwenda Philadelphia kushindana na Chuo Kikuu cha Pennsylvania. Walionekana kama watu waliokwisha kutumia nguvu zao zote. Walipata pointi 26, hesabu ambayo siku nyingine ingetosha, lakini wenzao walipata 34. Huo ndio mchezo pekee walioshindwa. Kuanguka si ajabu. Yatupasa kutazama mtu alivyoinuka. Siku saba baadaye walicheza na chuo cha Y.M.C.A. cha Springfield, wakashinda 30 kwa 24, na pointi zote 30 alizipata Thorpe peke yake. Na siku ya mwisho, Novemba 28, wakaishinda Brown 32 kwa 0. Katika mwaka ule Thorpe alivuka mstari si chini ya mara 25.

Msimulizi wa hadithi angeishia hapa, watu wakapiga makofi. Lakini mimi ni mwalimu, sharti niendelee.

Mwezi wa Januari mwaka 1913, yaani majuma machache tu baada ya mchezo wa mwisho, gazeti moja lilitoa habari kwamba Thorpe katika mwaka 1909 na 1910 alicheza mpira uitwao besiboli katika jimbo la North Carolina, akapewa fedha kidogo. Siku zile mtu aliyelipwa kwa mchezo wowote hakuruhusiwa kushindana katika Olimpiki. Vijana wengi wa vyuo walicheza hivyo wakati wa likizo, lakini walitumia majina ya uongo. Thorpe alitumia jina lake mwenyewe. Warner na msimamizi wa shule walisema hawakujua lolote. Thorpe akaandika barua ya kukiri, akanyang'anywa medali zote mbili, na jina lake likafutwa katika orodha ya washindi.

Basi sikilizeni vizuri. Kanuni za Olimpiki za mwaka 1912 zilisema kwamba mtu mwenye shauri juu ya mshindi, alilete katika siku thelathini baada ya michezo kufungwa. Shauri la Thorpe lililetwa karibu miezi sita baada ya hapo. Kanuni ilikuwako, imeandikwa, kila mwenye kusoma aliweza kuisoma. Lakini hakuna mkubwa hata mmoja aliyesimama kuisoma kwa faida ya Thorpe. Kanuni ya kumhukumu ilishikwa, na kanuni ya kumlinda ikaachwa. Uwanjani alipata haki yake kwa sababu mwamuzi alikuwapo na watu maelfu walikuwa wakitazama. Ofisini hakuwa na mwamuzi wala mtazamaji. Thorpe alikufa mwaka 1953 pasipo kurudishiwa kitu. Mwaka 1982 ndipo kosa lile la siku thelathini lilipokubaliwa, na mwaka 1983 watoto wake wakapewa medali; hata hivyo jina lake liliandikwa kuwa mshindi pamoja na wengine. Mwaka 2022 ndipo lilipoandikwa kuwa mshindi peke yake, miaka 110 baada ya mbio zenyewe.

Na zile fedha za viingilio? Gus Welch, yule kijana aliyeongoza mipango uwanjani, aliona kwamba michezo yaleta fedha nyingi, na watoto wa shule wanalala na kula vibaya. Hakupiga mtu, wala hakutoroka usiku. Aliandika hati ya malalamiko, na wanafunzi zaidi ya 200 wakaitia sahihi, ikapelekwa Washington. Mwezi wa Februari mwaka 1914 wajumbe wa Baraza la kutunga sheria wakaja Carlisle kusikiliza. Wakasikia habari za chakula kidogo, za msichana aliyepigwa sana, za fedha za michezo zilizotumiwa pasipo hesabu iliyo wazi, na wachezaji wakasema ya kwamba Warner huwatukana. Msimamizi wa shule akaondolewa, na Warner naye akaondoka baada ya michezo ya mwaka 1914, akaenda kufundisha Pittsburgh. Mwaka 1918 shule ikafungwa, kambi ikarudishwa kwa jeshi. Welch alisoma sheria, akawa ofisa katika Vita Kuu ya kwanza, kisha mwalimu wa michezo. Thorpe, Guyon na Calac walicheza katika timu za kulipwa, na mwaka 1920 Thorpe akachaguliwa kuwa rais wa kwanza wa umoja wa timu hizo, umoja ambao hata leo ndio mkubwa kuliko wote wa mchezo huo.

Katika siku zile za 1912 wengi wa wenyeji wa asili hawakuhesabiwa hata kuwa raia wa nchi yao wenyewe. Sheria iliyowapa wote uraia ilitoka mwaka 1924. Na mwezi wa Oktoba mwaka 2024 Rais wa Marekani aliomba radhi mbele ya watu kwa ajili ya shule hizo za kuwatenga watoto na wazazi wao, na mwezi wa Desemba akatangaza Carlisle kuwa mahali pa ukumbusho wa taifa.

Sasa tuyakusanye pamoja. Wako watu wasemao kwamba timu ya Carlisle yathibitisha ya kuwa shule ile ilikuwa njema. Sivyo. Shule ilisema mtoto hawezi kuwa mtu mpaka asahau kwao. Lakini Wamarekani walipokwenda kuwatazama wachezaji wale, waliwatazama kwa sababu walikuwa ndio wao, Wasac na Wachippewa na Wahopi, wakishindana na wakubwa na kuwashinda. Hawakushinda kwa kuwa wamesahau. Walishinda kwa mbio, kwa akili, kwa kuaminiana, na kwa sababu siku moja katika juma, kwa muda wa saa moja ya mchezo, walipewa uwanja wenye kanuni moja kwa wote.

Wahenga walisema, "Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni." Vijana wa Carlisle hawakuomba kupendelewa. Hawakuomba uwanja mfupi wala majaribio matano. Waliomba mstari uwe mmoja, na uwanjani wakaupata. Nje ya uwanja iliwapasa kuutafuta kwa kalamu na karatasi, kama Welch, na wengine walikufa kabla haujachorwa. Kwa hiyo, ninyi wanafunzi, mkicheza chezeni kwa bidii, na mkisoma someni hata zile kanuni ndogo zilizoandikwa mwishoni mwa ukurasa. Maana mtu asiyejua kanuni imlindayo ni kama mtu asiye nayo. Na ninyi wazazi na wakubwa, mnaoshika filimbi mahali popote, iwe barazani, shuleni au nyumbani, pigeni filimbi hiyo kwa wote sawasawa, hata siku ambayo hapana watazamaji.